Karanga za Ukurasa wa Tisini

Vitabu nilivisoma kuanzia katikati.
Mama alivinunua kwa kilo pale Gongoni,
vingine vya shule, vimeliwa pembe na mchwa,
vingine vya mtu aliyehamishwa kazi ghafla.
Alivichana akivibana kwa magoti.
Kazi yangu ilikuwa kusokota:
ncha chini, mdomo juu,
kijiko kimoja cha karanga, chumvi, kunja.

Nilipata muda wa kusoma upande mmoja tu
kabla treni haijapiga honi ikitokea Malongwe.
Ukurasa wa tisini ulipanda behewa la Mpanda.
Wa tisini na moja ukaenda Mwanza.
Kuna bibi harusi nilimwacha mlangoni,
mkono juu ya komeo,
akachukuliwa na askari wa reli
pamoja na karanga za shilingi mia.
Hadi leo sijui kama alifungua.

Hapo ndipo nilipoanza. Si kwa kipaji,
kwa kero.
Usiku, ndani ya chandarua kilichotoboka,
nilimfungulia mlango bibi harusi yule
mara nane, na kila mara ndani mna kitu kingine:
mbuzi, mama mkwe, maji hadi magotini,
baba yangu akipiga hesabu.

Baba alilima tumbaku Sikonge.
Msimu ule mpangaji wa gredi
alitia mkono ndani ya robota letu, akanusa,
akataja gredi ya mwisho kabisa
na kusogea kwenye robota la jirani.
Baba hakubisha.
Alifunga kifungo cha juu cha shati,
akakifungua,
akakifunga tena.

Miaka ishirini baadaye, nina meza, nina taa,
nikaketi niandike habari za mtu aliyefilisika.
Yakaja maneno niliyokuwa nikiyasokota:
moyo ukampasuka vipande vipande,
dunia ikamwia chungu kama shubiri.
Yalikuja mbio, yanapigana vikumbo
kama wachuuzi chini ya dirisha la behewa,
nami nikayanunua yote.
Asubuhi nikayaonja. Hayakuwa na chumvi.
Nikafuta. Nikaandika: kifungo.
Nikakaa na kifungo hicho wiki mbili.

Karatasi siidharau.
Ni yule bibi harusi aliyenifunza
kutazama mkono, uso nikauacha.
Bila yeye, siku ile Sikonge
ningemtazama baba machoni nisione kitu.
Lakini bila Sikonge ningebaki na komeo
lisilo na mlango.
Au kinyume chake. Sijui.
Wakiniuliza mashuleni
nasema jambo la adabu kuhusu kusoma kwa bidii,
kisha nakunywa maji.

Mama bado anauza. Goti limemgomea,
wapagazi wamempa kiti.
Rasimu zangu anaziomba mwenyewe:
“Kalunde, lete hizo ulizokosea.
Karatasi yake ngumu, haipitishi mafuta.”

Juzi abiria mmoja wa Kaliua, Mihayo, fundi baiskeli,
aliruka kabla treni haijasimama sawasawa,
anapunga karatasi inayong’aa mafuta:
“Mama, huyu bwana wa kifungo,
alirudi nyumbani au hakurudi?”
Mama akajaza kijiko.
“Nunua tena,” akamwambia, “huenda yumo.”

Nilikuwa hapo hapo, nimeshika chenji.
Sikumwambia kwamba ukurasa huo
haujaandikwa.
Alirudi, ndiyo. Saa nne usiku, nilikuwa macho.
Alirudi na mkate wa dukani chini ya kwapa,
mkate mzima, siku ile,
akauweka mezani bila neno.
Nimesoma kila kilichopita mikononi mwangu,
na mkate ule bado sijauelewa.